Mwimbaji Juu ya Sanda ya Bibi

Juzi, hapa Newburg, Marekani, jirani yetu, mama Mmarekani aliyenipita umri, aliniita kwake na mjukuu wangu tuonje mkate wake mtamu wa viazi. Televisheni yake ilionyesha sinema fupi za wakati wa vita vya Wazungu, kila sinema na wimbo wake mmoja: wanaume wenye tarumbeta wakisimama na kuketi kwa zamu, na mbele yao mwimbaji mwenye ua sikioni. Kabla ya kufungua kinywa, akakonyeza jicho. Nikaweka sahani chini. Mwanamke huyo nilimfahamu.

Ndugu yangu, nilimwona nikiwa msichana mdogo katika kambi ya wachuma chai kwetu Kivu, miaka mingi baada ya vita hivyo. Bwana wa sinema alifika na lori na injini yenye kunguruma, lakini pazia lake la kuonyeshea lilikuwa limelowa njiani na kuota ukungu. Akaomba kitambaa cheupe, kipana. Kambini wote walijua kilipo, na hakuna aliyethubutu kukitaja. Kilikuwa sanda ya bibi yangu.

Kwetu mzee alijiandalia sanda mwenyewe. Kila kiangazi kazi yangu ilikuwa kuianika, kuikunja na kuiwekea majani ya tumbaku ili nondo wasiile. Tulionywa kwamba anayeitandika sanda kabla ya wakati huyaita mauti. Nami, kwa tamaa ya sinema, nikaitoa kikapuni Bibi akiwa kwenye maombi.

Giza lilipoingia, mwimbaji akakonyeza jicho juu ya sanda, tarumbeta zikalia, na Bibi akatokea.

"Nani amekitundika kifo changu?"

"Ni mimi, Bibi."

"Afadhali chako kimepata tarumbeta, Mama," akasema mpishi wa kambi. "Sisi wengine tutazikwa kimyakimya."

Watu wakacheka, kisha wakaogopa kucheka. Bibi alitazama kwa muda mrefu, akaketi majanini.

"Mwacheni amalize. Mgeni hakatizwi maneno. Na wewe, kesho utaifua mara tatu."

Niliifua. Kisha kwa miezi mingi niliamka alfajiri kusikiliza kama bado anapumua. Alipumua, akalima, akanichapa kila nilipostahili, hadi nikawa na watoto wawili. Tulipomvika sanda ile, niliona kwenye pembe yake tundu la msumari wa sinema. Nililia, lakini hofu ilikuwa imekwisha.

Kambi ile sasa ni msitu, na wa kunionyesha kaburi la Bibi hayupo. Jirani aliuliza kwa nini natabasamu. Mjukuu wangu akamfasiria, na jirani akaongeza sauti ya televisheni.

Sanda yangu mimi ipo kabatini, chini ya mablanketi. Mjukuu wangu, anayeyaandika haya kwa kuwa mimi sikusoma, anajua ilipo. Nimemwambia: ikihitajika kwa sinema, aitoe, mradi aifue mwenyewe.