Malkia Wetu wa Hopkins

Wiki iliyopita mdogo wangu, huyu aliyezaliwa hapa hapa Minnesota, alinisogezea simu nione filamu ya zamani isiyo na rangi. Nilipomwona yule mwanamke mzungu kwenye kiti cha manyoya ya mbuni, moyo ulinipasuka. Madamu! Keti nikusimulie, rafiki yangu, maana wewe unaikumbuka Hopkins ya wakati ule: jengo letu la matofali, harufu ya sombe, yale majani ya muhogo, ikishuka ngazi mpaka mlango wa nje, na mabomba ya joto yakigongagonga ukutani.

Madamu alikaa juu yetu, ghorofa ya tatu. Mama alilipwa kumwogesha, kumpikia na kumchana nywele. Jumamosi mimi na nyanya tulipanda naye kufua na kufuta vumbi kwenye picha, maana maisha yake yote aliyatundika ukutani. Binti wa mkulima wa viazi, alitoroka kwao akaenda California kuigiza. Kwenye filamu alikuwa mhudumu wa kuangusha sinia, muuguzi wa kusimama nyuma ya daktari, mwanamke wa kupiga ukelele maiti inapoonekana. Kisha mara moja, mara moja tu, wakampa filamu nzima: malkia mzungu wa msitu wa Kongo. Filamu haikupendwa. Alipoanza kuota makunyanzi wakamwambia amezeeka, akarudi Minnesota kuuza glavu dukani mpaka miguu ikavimba.

Sitakupaka mafuta kwa mgongo wa chupa: alikuwa na roho mbaya. Mama hakuruhusiwa kumgusa kabla ya kunawa kwa ndimu. Mimi aliniita tumbili wake mdogo. Kwake yeye Kongo tuliyotoka ilikuwa ile ya kwenye filamu, na sisi tulikuwa raia zake tuliochelewa kufika. Nyanya alisema mwenye njaa hana miiko, tukaendelea kufua.

Siku ya kuzaliwa kwake aliwaalika majirani na wenzake wa kanisani kwenye ukumbi wa chini. Palikuwa na keki, na kahawa nyepesi ile ya watu wa huku. Madamu alivaa taji la bandia. Kabla mkanda wa filamu yake haujawekwa, akataka nyanya apige magoti mbele ya kiti chake wapigwe picha, kama walivyofanya wale watu wa msituni. Nyanya alikuwa hajampigia binadamu magoti tangu harusi yake. Akamtazama mama. Mama akatazama sakafu. Nyanya akashuka, goti moja, kisha la pili, na wazee wale wakapiga makofi.

Filamu ikaanza. Mzee mwenye manyoya kichwani akamnyooshea malkia mikono na kunena kwa sauti nzito ya msibani. Nyanya, angali sakafuni, akaangua kicheko. Maneno ya mzee yule yalikuwa Kiswahili, tena kilichonyooka! Madamu akasimamisha mkanda. Akatueleza kwamba mzee huyo alikuwa akimwombea dua malkia wao. Mwongozaji ndivyo alivyomwambia, naye aliishi na dua hiyo tangu ujana wake. Akaniita nisimame, niwatafsirie wageni.

"Maman, tafazali," mama alimnong'oneza nyanya. "Kazi yangu."

"Muambie," nyanya akaniamuru mimi. "Yote. Usifiche hata moja."

Nikawaambia. Mzee yule alisema: "Ndugu zangu, jua litatuua kwa ajili ya mwanamke asiyejua hata kulia. Wakirudia tena, mimi nakwenda kula." Na waliopiga magoti wakaitikia, "Kweli kabisa!"

Ukumbi ulicheka mpaka mmoja akapaliwa na keki. Nami, nisikufiche, nilisikia utamu. Madamu akacheka pia, kidogo, kisha mdomo ukaanza kumcheza, na machozi yakachuruzika juu ya poda. Nyanya akainuka, akapangusa magoti.

"Muambie sasa anajua," akasema.

Hilo nalo nikalitafsiri.

Kesho yake mama hakuwa na kazi. Baadaye alipata ya kufua mashuka hospitalini, Maplewood, mbali kule mashariki, na gari letu lilikuwa halitaki kuwaka kwenye baridi. Mwanamke aliyechukua nafasi yake alituambia Madamu hakuuomba tena ule mkanda. Alikufa kabla theluji haijayeyuka.

Nyanya naye amelala kwenye makaburi ya huku, ambayo nusu ya mwaka huyaoni kwa theluji. Jengo limepakwa rangi na ngazi zinanuka sabuni. Sisi wenyewe tunazungumza Kiingereza mpaka kwenye sala ya chakula. Naililia Hopkins ile, pamoja na ukatili wake wote.

Mdogo wangu alisimamisha filamu pale pale, akaniuliza kwa Kiingereza yule mzee anasema nini. Mama alikuwa karibu nasi, akikunja nguo.

"Anamwombea dua malkia wao," nikamjibu.

Akaamini mara moja. Mama alinitazama, akaendelea kukunja nguo. Nyanya angekuwepo, angeniamuru nirudie, niseme yote.