Mipira Mia Nne ya Netta Purdie

Netta Purdie aliuchukia mpira wa miguu kwa moyo wake wote, na ndiyo maana kwa miaka hamsini na sita hakukosa mechi ya nyumbani ya Drumgarvie Thistle ila tatu: siku aliyojifungua bintiye Morag, siku ya mazishi ya mama yake, na ile jioni ya Jumatano, Septemba 1979, ambayo ndiyo chanzo cha kisa hiki.

Usidhani nakutania. Nyumba ya Netta iko nyuma ya goli la chini, na nasema la chini kwa sababu uwanja wetu unateremka. Walioutengeneza mwaka 1924 walikuwa wachimba makaa ya mawe. Mtu aliyeshinda chini ya ardhi na sururu hataki kuiona tena jioni, kwa hiyo waliotesha majani juu ya mteremko hivyohivyo ulivyo, wakasema ni haki kwa kila timu maana baada ya mapumziko mnabadilishana. Wakasahau bustani iliyokuwa ng'ambo ya ukuta. Tangu siku hiyo, kila mchezaji mwenye mguu mbovu amekuwa akishusha mipira kwenye bustani hiyo, na wenye miguu mibovu Drumgarvie hatujawahi kupungukiwa.

Netta alirithi nyumba, bustani na vita kutoka kwa mama yake. Sheria yake ilikuwa moja: mpira ukivuka ukuta ni wake, haurudi. Siku za mechi alipanda juu ya kreti la soda, akaegemeza viwiko ukutani, akatazama dakika zote tisini ili mkosaji asije akakana. Mpira ukitua kwenye karoti, aliuokota, akaufuta, akaandika juu yake kwa rangi nyeupe tarehe, timu ya wageni, matokeo, na jina la aliyeupiga. Kisha akaufungia bandani. Aliyasema maneno mengi juu ya wachezaji wetu, lakini hakuwahi kukosea jina.

Eck Purdie alimpata kupitia sheria hiyo. Eck alikuwa beki wa kushoto. Wiki nzima alikuwa fundi bomba, Jumamosi klabu inampa kiasi cha pai mbili na nauli ya kurudi nyumbani, maana hiyo ndiyo daraja yetu, si ridhaa kamili wala si kulipwa kwa maana ya kulipwa. Mwaka 1968 alibisha hodi, kofia mkononi, kuomba mpira. Netta, binti wa miaka kumi na minane, akamfungia mlango usoni. Jumamosi iliyofuata akarudi. Kocha alikuja kugundua baada ya miezi mitatu kwamba beki wake, mbele ya goli la chini, hata akiwa peke yake na nyasi, lazima aupige mpira juu ya ukuta. Akamweka benchi. Eck akamwoa Netta, kisha akarudishwa uwanjani.

Wala usidhani ndoa ilimpunguzia adhabu. Jina lake liko kwenye mipira thelathini na minane, na kwa kila mmoja alilala kwenye kochi.

Sasa kitunguu. Huku kwetu mtu haheshimiwi kwa gari lake, anaheshimiwa kwa kitunguu alichopeleka kwenye maonyesho ya kijiji, na mwaka 1979 Netta alikuwa na kitunguu kimoja ndani ya kibanda chake cha vioo ambacho watu walivua kofia walipokiona. Kilikuwa na uzito wa ratili saba. Alikiita Bwana Mkubwa. Alikinywesha maji ya mvua kwa kijiko, na usiku wa baridi alikifunika sweta la Eck huku Eck mwenyewe akitetemeka kitandani. Zilibaki siku tatu maonyesho yafanyike. Jumatano ile jioni, Thistle ikicheza na Inverlarrick, Netta alikwenda ukumbi wa kanisa kujaza fomu ya mashindano. Alikaa huko nusu saa tu.

Aliporudi, kibanda kilikuwa vipande. Mpira ulikuwa umekaa kitako pale alipokuwa amekaa Bwana Mkubwa, na Bwana Mkubwa mwenyewe alikuwa nusu mbili, moja hapa, moja kwenye nyanya. Alipochungulia ukutani hakuona mtu. Timu mbili nzima, mwamuzi na washika vibendera walikuwa wametoroka bila kuoga, na mechi ilikuwa imebakiza dakika nane.

Akauandika ule mpira. Tarehe 12 Septemba 1979, Inverlarrick, bao moja kwa moja. Alipofika kwenye jina, rangi ikamkaukia kwenye brashi.

Aliuliza kijiji kizima. Angeuliza ukuta angepata majibu zaidi. Drumgarvie ni kijiji cha mgodi, na mgodini mtu hamtaji mwenzake, awe kaiba, kalala kazini au kaua kitunguu. Ukimtaja, unakunywa peke yako mpaka uzikwe. Wakafunika kombe mwanaharamu apite, na mwanaharamu akapita miaka arobaini na mitano. Machimbo yalifungwa, Morag akaolewa Kanada, Eck akafariki mwaka 2011 kwa maradhi ya moyo, na Netta akaendelea kupanda kreti lake.

Basi mwaka jana klabu ilitimiza miaka mia. Katibu wetu, Drew Haggart, mwoka mikate, mtu wa miaka arobaini na mmoja mwenye mashavu ya maandazi, aliamua kiandikwe kitabu cha historia. Akaenda kutafuta vitabu vya kumbukumbu. Akavipata chini ya mguu wa birika kubwa la chai, kwa sababu chumba cha wachezaji nacho kinateremka, na mwenye busara mmoja wa zamani alivitumia kulisawazisha. Miaka thelathini ya chai iliyomwagika ilikuwa imevigeuza kitu kimoja. Drew alijaribu kukifungua kwa kisu cha mkate.

Ndipo akakumbuka banda la Netta. Mipira mia nne na sita, historia nzima ya Thistle tangu 1968, imeandikwa kwa rangi nyeupe na mtu asiyekosea jina. Akaenda na pai kumi na mbili.

"Bi Netta, shikamoo," alisema mlangoni. "Nimekuja kwa mambo mawili. La kwanza ni hizi pai."

"La pili ni mipira yangu. Ingia, futa miguu."

Drew akaeleza. Netta akala pai moja taratibu mpaka ikaisha.

"Nitawapa," alisema. "Yote. Na ile ya mama yangu iliyoko darini. Nataka kitu kimoja tu. Nina miaka sabini na minne, Drew, sitaki kufa sijui. Nani aliua Bwana Mkubwa?"

Drew alikuwa ameshika kikombe, akakiweka chini.

"Mimi huo mwaka sabini na tisa sikuwepo, mama."

"Najua hukuwepo. Lakini unajua. Nyote mnajua, mmeyanyonya kwa mama zenu. Niletee jina, uchukue historia. Bila jina, mipira yote naitoboa na kuotesha maua."

Drew akatoka nyumba ile rangi ikiwa imemtoka. Alimwambia mkewe, kwa siri. Mkewe akamwambia dada yake, kwa siri. Kufikia jioni siri ilikuwa imezunguka kijiji mara mbili na kurudi kwa Drew ikiwa imenenepa.

Na hapa watu wetu wakafanya jambo ambalo ni watu wetu tu wangelifanya. Kumtaja mwenzako hairuhusiwi, lakini hakuna aliyesema huruhusiwi kujitaja mwenyewe. Kila mmoja akafikiri peke yake, akajiona shujaa peke yake, asimwambie mtu.

Jumatatu asubuhi alifika Doddie Kilgour, aliyekuwa kipa, miaka sabini na tisa na mkongojo.

"Shemeji," alisema, "ni mimi."

"Doddie, wewe ulikuwa golini. Goli la juu."

"Nilipiga ndefu."

"Mita mia moja na kumi?"

"Uwanja unateremka, shemeji."

Netta akaliandika jina, akampa chai. Mchana alifika beki wa kulia, ambaye alikiri huku analia, na alilia vizuri mno mpaka Netta akaanza kumwamini. Jumanne wakaja watatu, kwa saa tofauti, na wawili nusura wakutane kwenye kijia. Mmoja ilibidi ajifiche nyuma ya pipa la takataka, mtu mzima mwenye nyonga ya chuma. Jumatano ikawa zamu ya wafu. Ina Tulloch, mjane wa mshambuliaji wetu wa kati, aliingia na keki ya matunda.

"Marehemu alikuwa akisema usingizini, Netta. Kitunguu, kitunguu. Usiku kucha."

"Miaka arobaini hukuniambia?"

"Nilidhani ana njaa."

Baada ya Ina akaja mjane mwingine, kisha wana wa marehemu, kila mmoja na baba yake mkononi kama mtu arudishaye sufuria aliloazima. Alhamisi mchungaji mwenyewe alikuja kuungama. Alihamia Drumgarvie mwaka 1990. Alipoulizwa, alisema anajisikia kuhusika. Alhamisi hiyohiyo jioni, kutoka Inverlarrick, mabasi mawili na mwendo wa miguu, akafika kipa wa wageni, mzee kipofu wa jicho moja, kusema kama angeudaka mpira ule yasingetokea haya. Huyo peke yake ndiye aliyesema kweli, lakini Netta hakujua bado.

Ijumaa alikaa mezani na kalamu. Alimfuta mchungaji, akamfuta kipa wa wageni. Waliobaki walikuwa kumi. Doddie, mabeki wawili, viungo, winga, Tulloch wa Ina, wote. Watano walikuja kwa miguu yao, watano waliletwa na wajane au wana wao. Ilionekana kila aliyevaa jezi ya Thistle jioni ile alikuwa ameungama, kwa kinywa chake au kwa kinywa cha watu wake.

Kumi, na timu ni watu kumi na mmoja.

Mmoja tu mjane wake hakuja. Hakuja kwa sababu alikuwa amekaa hapo mezani na kalamu.

Waswahili wana msemo, kikulacho ki nguoni mwako, na huyu wake alikuwa amevaa mpaka pijama zake. Mambo yakaanza kumrudia moja moja, na kila moja lilimchoma. Eck ndiye alikuwa mpiga penalti wa timu. Eck ndiye aliyelia kuliko yeye usiku ule, mpaka yeye, mfiwa, akambembeleza. Kibanda kipya cha vioo Eck alikijenga kwa siku tatu, bila kuombwa, na Netta akawaringia majirani kwamba anapendwa. Na Bwana Mkubwa hakuzikwa. Walimpika na nyama ya kusaga na viazi siku nne mfululizo, na Eck akaongeza sahani mara tatu, akisema kwa mdomo uliojaa, "Nikimpata mtu huyo, Netta, nitamvunja mguu." Aliendelea kusema hivyo kila Septemba kwa miaka thelathini na miwili.

Jumamosi kabla ya mechi, Netta alivaa koti la kanisani, akachukua ule mpira, akapanda mteremko hadi chumba cha kamati. Drew alikuwa akihesabu pai.

"Katibu," alisema, na hakuwahi kumwita hivyo. "Mimi ni mjane wa Eck Purdie. Nimekuja kuungama kwa niaba ya marehemu. Ni mume wangu aliyepiga."

Drew alimtazama. Aliweka chini trei. Angeweza kusema ndiyo, na kitabu kingekuwa chake saa ileile, mipira yote mia nne na sita, lakini alizaliwa Drumgarvie.

"Hapana, Bi Netta," alisema. "Ni mimi."

"Ulikuwa hujazaliwa."

"Nilianza mpira mapema, mama."

"Ilikuwa penalti, Drew?"

Drew akaangalia pai. Masikio yalimwiva, na hilo lilikuwa neno tosha.

"Mipira iko bandani," Netta alisema. "Njooni na mkokoteni Jumatatu, na mfute miguu. Huu mmoja sitoi. Mwandike kwenye kitabu kwamba siku hiyo ilikuwa sare."

Alirudi nyumbani, akaweka birika motoni, akaikung'uta brashi, akaandika: Eck Purdie. Rangi ilishika vizuri. Kisha akauweka mpira juu ya kiti cha Eck, kile cha karibu na dirisha, akavuta chake, akakaa akiutazama uso kwa uso. Alikuwa na hasira ya miaka arobaini na mitano na ilikuwa imeiva vizuri, na mwenye kupaswa kuipokea alikuwa makaburini tangu 2011. Hilo ndilo lililomuuma, kuliko vioo, kuliko Bwana Mkubwa.

"Ungeniambia tu, mjinga wee," alisema. "Ningekununia mwaka mmoja, basi."

Akanywa chai kidogo, akafikiri.

"Miwili," alisema.