Riwaya ya Kuamia Ndege

Wiki iliyopita nilikuwa natoka Dar na mzigo wangu wa vitenge. Gari likasimama Bungu, nikashuka kununua korosho. Kijana muuzaji alikuwa amekalia ndoo iliyopinduliwa, kitabu usoni, wala hana habari na mteja. Akaniambia nisubiri kidogo, hapo alipofika pamenoga. Nilikuwa tayari kumpa vidonge vyake, maana mie si mtu wa kusubirishwa, waulize Kibiti nzima. Lakini nikaliona jina la mwandishi kwenye jalada. Korosho nikazisahau. Nikamng'ang'ania kijana wa watu hadi akaniuzia kile kitabu, tena kwa kunung'unika na kwa sharti kwamba nikipita tena nimsimulie kilivyoisha. Huo mwisho ndio niliokuwa nautaka, na ndio niliokuwa nauogopa. Ili ujue kwa nini, twende kwanza Maparoni.

Huko deltani, mto unakoingilia baharini, ndiko alikonilea bibi yangu. Mpunga ukianza kutoa masuke, watu walihama vijijini wakaenda kukaa mashambani, kwenye madungu, vile vibanda vinavyoinuliwa juu ya nguzo za mikoko ili maji yapite chini na mtu aone shamba lote. Kazi yetu watoto, mimi na wa jirani, ilikuwa kuamia ndege. Tangu jua linachomoza unapiga kelele, unatikisa makopo, unarusha matope kwa teo. Kwelea, vindege vidogo vyenye midomo myekundu, wakishuka kwa pamoja hujameza mate shamba limekwisha. Bibi alikuwa chini anapika ugali wa muhogo na uduvi wa nazi, moshi wa mkoko unatupanda puani. Hakuwa na haja ya kutazama juu. Sauti zetu zikikatika tu, alituma swali moja: "Mbona kimya?" Nasi tunaanza upya.

Mwaka ule kelele zilikuwa na uzito wake. Msimu uliotangulia mafuriko yalisomba kila kitu, na bibi alikuwa ameshaniambia waziwazi kwamba mpunga huu nao ukipotea, nitapelekwa Dar kwa mjomba, kwa sababu yeye hatakuwa na cha kunilisha. Mjomba alikuwa mtu mwema tu. Lakini mie nilikuwa siwezi hata kusinzia bila kumsikia bibi akikohoa pembeni yangu.

Ndipo akaja Daktari. Mwanamke mrefu, suruali kaikunja hadi magotini, kanga kaifunga juu yake kwa kuheshimu wenyeji, darubini shingoni. Alikuwa msomi wa elimu ya wanyama, akaomba apande dunguni awachunguze kwelea. Bibi kusikia daktari wa wanyama, huyo, akamletea kuku wake aliyekuwa akisinzia tangu juzi. Daktari akamgeuza kuku huku na huku, akakiri kwa haya kwamba kutibu hajui, anachojua ni kueleza wanyama wanavyoishi. Bibi akacheka, akasema basi huyu ni mtu wa maneno. Akamruhusu, ila anayekaa kwenye dungu lake hupiga kelele kama wengine.

Na maneno alikuwa nayo, wallahi. Alikwisha kuandika kitabu cha popo na kingine cha siafu, vitabu ambavyo hata mvuvi angevisoma akacheka. Alitueleza kwa nini kundi la kwelea hugeuka angani bila kugongana: kila ndege anamwangalia jirani yake tu, na jirani anamwangalia jirani. Nilimtazama kama anagawa sukari. Lakini kilichotumaliza ni riwaya. Kumbe alikuwa pia mtunzi wa riwaya za mikasa, na wakati ule alikuwa na mpya kichwani. Bibi mmoja na mjukuu wake wamepotea mikokoni, mbele mamba, nyuma majangili. Akaanza kutusimulia kwa sauti ya chini. Tukasogea. Makopo tukayaweka. Hata yeye mwenyewe, mtaalamu wa ndege, hakuwaona ndege.

"Mbona kimya?"

Kugeuka, kona nzima ya shamba imefunikwa na kwelea. Walipoinuka, waliacha mabua.

Bibi hakugomba, na hilo ndilo lililotutisha. Alisimama kwenye matope akipitisha vidole kwenye masuke matupu, kisha akamwambia Daktari afungashe vitu vyake, asubuhi mtumbwi utamchukua. Mimi nilikuwa nalia, namwona mjomba huyo anakuja. Daktari naye machozi yalimlengalenga. "Mama, nimekuharibia," akasema. "Nipe kesho tu. Nikikosea tena, nitaondoka hapa kwa miguu." Kutoka Maparoni kwa miguu, katikati ya maji yale! Bibi alijaribu kununa ikashindikana.

Kesho yake Daktari alisimama dunguni, akashika nguzo, akaendeleza riwaya ileile kutoka pale ilipokatikia, safari hii kwa kupiga kelele. Kila sentensi aliitupa kama anaita mtu ng'ambo ya mto, na mamba akitokea, sisi tunatikisa makopo. Ndege hawakutua. Jirani yetu wa dungu la pili, mtu mkali ambaye hakuwahi kutusalimu, akapaza sauti kuuliza, huyo mjukuu kavuka au hajavuka? Akajibiwa, naye akampasia wa dungu linalofuata. Kufika adhuhuri riwaya ilikuwa inatembea bonde zima, dungu kwa dungu, na nasikia ilipofika mwisho wa bonde mamba walikuwa wameshazaana. Nimekutana na watu wengi wenye vipaji tangu siku hiyo. Sijaona mwingine aliyelinda shamba kwa riwaya.

Hata bibi akawa anaacha chungu kinaungua. Mavuno yakiwa yamekaribia, majangili walimzingira yule bibi wa riwayani, Daktari akashusha pumzi kwa huzuni, na sauti ya bibi yangu ikatoka chini: "Huyo usimuue, mwanangu. Mtoto atabaki na nani?"

Daktari akachungulia chini. Akakiri alikuwa amepanga afe, ila atalifikiria, na mwisho atauandika akifika kwake.

Tulivuna. Tukatwanga pepeta, ule mpunga mbichi uliokaangwa, wa moto bado, harufu yake huwezi kuifananisha. Daktari alitwanga na sisi mpaka viganja vikachubuka, akaondoka na mfuko wake wa pepeta. Mie sikupelekwa kwa mjomba. Nilikaa na bibi hadi nikawa mtu mzima, hadi siku tulipomzika.

Madungu yale hayapo tena. Maji ya chumvi yameingia mashambani, wengi tumehamia barabarani, na mara ya mwisho nilipopita kule sikusikia kopo hata moja. Nikimweleza mwanangu kwamba tulikuwa tunapiga kelele kutwa nzima, ananiuliza kwa nini hatukuweka spika.

Basi nilifika dukani kwangu, nikarudisha mlango, nikaenda moja kwa moja ukurasa wa mwisho. Majangili wamekimbia. Kumekucha. Mjukuu amesinzia dunguni, ndege wanaanza kushuka, na yule bibi, mzima wa afya, yuko chini anapuliza moto. Hainui hata kichwa. Anauliza tu, "Mbona kimya?"

Nilisimama katikati ya vitenge nikapiga kelele kwa nguvu zangu zote. Jirani wa duka la pili akaja mbio. Nikamwambia hakuna kitu, naamia ndege.