Nilimfuta Mzee Kondo Kwenye Historia ya Gazeti Lake

Kosa ni langu, na nililifanya kwa makusudi. Usinihurumie. Usiku ule nililala usingizi mzuri.

Nilikuwa mwandishi wa gazeti dogo hapa Kisarawe, kurasa nne tu, linatoka mara moja kwa mwezi. Mwanzilishi wake nitamwita Mzee Kondo. Alilianza na rafiki yake, sasa marehemu, aliyekuwa na mashine ya kuchapia kule Kibaha. Rafiki alitoa mashine. Kazi nyingine zote zilikuwa za Mzee Kondo: kuandika, kupanga kurasa, kupeleka magazeti kata ya Masaki, hukuhuku Kisarawe, kwa pikipiki na kuwasomea wakulima wa korosho wasiojua kusoma.

Mimi alinifundisha kazi. Halafu akaniibia.

Niliandika habari ya watu wa kando ya Ruvu. Mabomba ya maji yanawapita kwenda Dar es Salaam, wao wanachota mtoni. Nilizunguka kule nikiwa na mimba kubwa. Gazeti lilipotoka, habari ilikuwa na jina la mpwa wake, na ndiyo iliyompatia kazi redioni.

Nilipomuuliza mzee, hakupepesa macho. "Mwanangu, wewe ni mke wa mtu. Jina lako likizagaa magazetini, mumeo atasema nini?"

Mume wangu alikuwa ameshawatangazia majirani wote kwamba habari yangu inatoka.

Nikarudi kazini. Kwa miaka nilimwamkia shikamoo kila asubuhi, huku nikimvizia.

Alipostaafu, mhariri mpya alitaka ukurasa mzima wa historia ya gazeti, akanipa mimi. Nikaenda kwa Mzee Kondo. Alifurahi kama mtoto. Mkewe, Bi Mwanahawa, akatuletea kahawa na kashata, na mzee akasimulia mchana kutwa. Jinsi alivyosukuma pikipiki kwenye tope, magazeti kayafunika kwa koti lake, mwenyewe analowa. Nikaandika kila neno.

Kisha nikachapisha yote kwa jina la yule rafiki yake marehemu. Marehemu ndiye aliyelowa. Marehemu ndiye aliyewasomea wakulima. Hata picha, nilichagua ile aliyoipiga Mzee Kondo mwenyewe, ili asionekane.

Alikuja ofisini na gazeti mkononi. "Mwanangu, umesahau jina langu."

"Wewe ni mume wa mtu, mzee. Likizagaa, mkeo atasema nini?"

Alinielewa. Akalikunja gazeti, akatoka. Nakiri, ilikuwa tamu.

Vijana wa bodaboda pale kijiweni wakapata la kumwambia. "Mhariri wetu, mbona gazeti lenyewe halikujui?"

"Mwacheni, alikuwa anafagia ofisi," mwingine akadakia.

Akaacha kwenda kijiweni. Wajukuu zake wakaamini kwamba babu yao alikuwa akijisifu uongo. Baadaye akapata kiharusi, kauli ikapotea. Gazeti nalo lilikuwa limeshakufa kabla sijathubutu kuomba nafasi ya kusahihisha.

Nikaenda kijiweni kusema ukweli kwa mdomo wangu. Kijana mmoja akacheka. "Dada, uliandika mwenyewe ukatuambia ndiyo historia. Leo siyo. Na zile habari zako nyingine tuzifanyeje?"

Nikageuka, nikaenda kwa Mzee Kondo.

Nyumbani kwake, Bi Mwanahawa alinizuia mlangoni. Hakunitukana. "Ulikuja kumsikiliza, tukakukaribisha. Sasa hawezi kusema. Umefuata nini?"

Wewe uliyeporwa kazi yako, mkabili aliyekupora siku hiyohiyo, mbele ya watu, hata kama utafukuzwa. Usikae na kinyongo ukisubiri zamu yako. Zamu ikifika utafanya kilekile alichokufanyia, tena kwa ustadi zaidi.

Mimi bado nina hasira naye, sikufichi. Nilitaka siku moja asimame aseme kwamba habari ya Ruvu ilikuwa yangu. Ni yeye tu ambaye angeaminika. Na kabla ya kiharusi, mimi ndiye niliyewafanya watu waache kumwamini.