Waziri wa Mayungiyungi wa Muaither

Ifahamike kwa wote wanaohusika, na hata kwa wale wasiohusika ila wanapenda tu kuingilia, kwamba Mheshimiwa Athanas Odwori, mzaliwa wa Port Victoria katika kaunti ya Busia, mkazi wa chumba cha nyuma kati ya tangi la maji na mashine ya AC, ameteuliwa kuwa Waziri wa Mayungiyungi, Muaither na vitongoji vyake. Uteuzi unaanza mara moja. Hakuna bendera, hakuna msafara, na gari la kazi ni toroli la gurudumu moja linalolia kama paka aliyekanyagwa.

Uteuzi huo tuliufanya sisi wenyewe, Ijumaa moja, katika chumba chetu cha Al Mansoura, hapa Doha, chenye vitanda vingi kuliko madirisha. Athanas alikuwa amekuja kula ugali. Aliketi ukingoni mwa kitanda cha Trevor akiwa na tope jeusi kwenye kucha, katika nchi ambayo tope hununuliwa dukani likiwa kwenye mfuko. Trevor, ambaye ni askari wa mlangoni kwenye duka moja kubwa kule Al Sadd na kwa hiyo anajua mambo ya itifaki, alisimama akamsomea uteuzi kutoka kwenye simu. Tukapiga makofi. Waziri akaomba chumvi.

Ili utani huo uingie vizuri ni lazima ujue alikotoka. Kwao ziwa lilishavamiwa na gugu maji, lile zulia la kijani lenye maua ya zambarau ambalo wageni hulipiga picha na wenyeji hulitukana. Athanas alikuwa kwenye kikundi cha vijana walioajiriwa kuling'oa. Asubuhi walilitoa kwa reki na mikono, jioni upepo ukaleta lingine, kesho yake wakaanza upya, na hivyo ndivyo ujana wake ulivyoisha. Mtu pekee kijijini aliyelipenda gugu lile alikuwa baba yake. Mzee alikuwa fundi wa injini za boti, na kila gugu lililokaba propela lilimletea mteja. Baba na mwana walikula meza moja, mmoja akiliombea gugu life, mwingine akiliombea maisha marefu, na mama akiwaombea wote wawili wanyamaze.

Wakala wa Nairobi anayepeleka watu kazini Ghuba alipomuuliza ana ujuzi gani, Athanas alijibu kwamba amefanya kazi na mimea ya majini miaka mingi. Wakala akaandika: mtaalamu wa mimea ya majini. Hakuuliza kama ni ujuzi wa kuikuza au wa kuiua, na Athanas, kwa adabu aliyolelewa nayo, hakutaka kumsumbua mtu aliye kazini.

Basi mtu aliyekimbia mimea iliyokataa kufa akaja kuitumikia mimea iliyokataa kuishi.

Kidimbwi chenyewe kipo nyumbani kwa Madam, mwajiri wake, mbele ya majlis, yaani sebule ya wageni; kina vigae vya buluu, samaki wachache na pampu inayokohoa. Madam aliyaona mayungiyungi kwenye hoteli alikokwenda likizo, mbali huko kwenye mvua, akayataka nyumbani kwake, jangwani. Kundi la kwanza Athanas aliliua. Kundi la pili alifundishwa kulitunza na bibi mmoja mzungu kwenye video, mwenye buti za mpira na sweta, ambaye kila mara alianza kwa kusema wasiwasi wake mkubwa ni baridi. Athanas alikuwa akimtazama huku jasho likidondokea kwenye kioo cha simu. Mwezi wa nane maji ya kidimbwi yalikaribia kufaa kwa chai, kwa hiyo alijaza chupa maji, akazigandisha kwenye friza ya jikoni, akaziweka zielee kati ya majani. Mayungiyungi yakawa na barafu. Waziri akabaki na feni.

Lakini yakashika. Yalishika mno. Mwaka uliofuata, baridi ya Doha ilipoanza kuondoka, majani yalikuwa yamejaa hadi yanapandana kama abiria wa kivuko, yakisimama wima badala ya kulala juu ya maji, na maua yakawa madogo. Hiyo ndiyo dalili kwamba mmea umebanwa ndani ya chungu na unataka kugawanywa.

Na majuma hayohayo figo za mzee zikagoma.

Dada yake Athanas, Terry, ndiye aliyepiga simu. Mzee alikuwa amerudi kutoka hospitalini na hataki kurudi huko. Anakula uji. Anamuulizia kijana wake. Baadaye mzee mwenyewe alituma sauti, kwa sababu kuandika aliona ni kazi ya makarani. Athanas alitusikilizisha siku moja, na ilikuwa hivi, pumzi fupi fupi: "We Athanas. Hayo maua yako bado hayajashiba maji? Njoo nikuone. Mimi sina muda wa kukungoja kama mteja."

Hakuna hata mmoja wetu aliyecheka, na sisi hucheka mambo mengi yasiyofaa.

Akaenda kwa Madam. Na hapa itabidi niwaudhi wapenzi wa hadithi zenye shetani, maana Madam si mtu mbaya. Ingekuwa rahisi zaidi kama angekuwa mbaya. Alisikitika kwa dhati, akaweka mkono kifuani, akasema atamwombea mzee, akaagiza mpishi ampe Athanas tende. Likizo? Bila shaka, ni haki yake, tena yeye ni kama mtu wa nyumbani. Ila binti yake anavishwa pete baada ya Idi, wageni watakaa bustanini, na kidimbwi kiko vile. Ayagawe kwanza, yachanue, kisha aende hata kesho. Inshallah.

Athanas alikaa siku kadhaa akilitafakari hilo neno "kwanza". Mmea ukiugawanya hauchanui kwa sababu umeuomba. Kwanza unakaa, unanuna, unatoa kijani kimoja kidogo, kisha unafikiria. Akarudi na wazo: amfundishe mtu mwingine. Madam akakubali mara moja. Wakikubaliana kwamba huyo mtu anaweza, tiketi itanunuliwa.

Huyo mtu alikuwa Ronny. Katika nyumba ile hapakuwa na mwingine mwenye nafasi. Ronny ni dereva, Mganda wa Masaka, mpana, mkarimu, mwenye jibu la kila swali kabla swali halijaisha. Alifurahi sana. Alisema kwao hakuna mtu asiyejua kupanda, mtoto hutoka tumboni akiwa ameshika jembe.

Asubuhi moja wakaingia kidimbwini wote wawili, suruali zimekunjwa. Athanas akainua chungu cha kwanza, akakisafisha tope kwa mpira wa maji hadi tunguu likaonekana: kitu kama tangawizi kubwa, kimelala, kina kichwa chenye macho mbele na mkia mzee uliokufa nyuma. Akakata kipande cha mbele chenye jicho, urefu wa kiganja, akatupa mkia, akapunguza mizizi kama anayenyoa ndevu. Chungu kipana. Udongo mzito wa mfinyanzi, usio na mbolea ya zizi hata kidogo. Tunguu likalazwa mshazari, mgongo ukutani, jicho likitazama katikati, na jicho hilo libaki nje ya udongo. Kokoto juu. Kisha chungu kikawekwa juu ya matofali, ili maji yasiwe mengi juu ya kichwa cha mgonjwa, na kitashushwa polepole majani yakirefuka.

Ronny akarudia yote bila kosa. Kwenye chungu cha pili akafanya mwenyewe, Athanas akitazama, na ilikuwa kazi safi. Ikabaki safu nzima. Athanas akamwachia, akachukua basi hadi Al Sadd kumtafutia mzee blanketi na soksi nene, na akiwa dukani akatutumia picha ya lile blanketi, la rangi ya kahawia, lenye simba. Tukamjibu kwamba mzee atafikiri ameletewa mbuga nzima.

Aliporudi vyungu vyote vilikuwa chini ya maji, vimepangwa kwa mstari, kokoto juu, vizuri kama makaburi ya wanajeshi, na Athanas hakuona haja ya kufukua hata kimoja. Madam akatoka, akatazama, akaridhika. Tiketi ikanunuliwa. Terry akaambiwa, mzee akaambiwa, na mzee akatuma sauti ya neno moja: "Haya."

Kisha maji yakaanza kubadilika. Kwanza yakawa ya kijani, jambo ambalo Athanas aliliona la kawaida. Halafu yakawa mazito kama supu ya ndengu. Viputo vikapanda, kimoja kimoja, kama mtu anayepumua huko chini. Samaki wakaja juu kutafuta hewa, wengine wakalala ubavu, na harufu ikapita uani, ikaingia majlis bila kubisha hodi, ikawakuta wageni wa mume wa Madam wakinywa kahawa.

Athanas akaingia majini na nguo zake, akatoa chungu kimoja katika safu aliyomwachia Ronny, akaingiza mkono. Mkono ukazama hadi kwenye kiwiko kabla hajaligusa tunguu. Lilikuwa jeusi, linateleza, linanuka kama kiazi kilichosahauliwa. Na chini yake, na juu yake, samadi ya mbuzi.

"Ronny. Umefanya nini?"

"Nimepanda, ssebo. Ulikuwa unapanda juu juu sana, nikaona huruma. Kwetu mgomba usipoufukia chini na mbolea ya kutosha, upepo unauangusha."

"Upepo gani, Ronny? Chini ya maji?"

Ronny alichungulia ndani ya chungu, akaanza kueleza. Alikuwa ameomba samadi kwa mchungaji wa zizi moja nje ya mji, akaibeba kwenye Land Cruiser ya Madam, amefunga pua. Alikuwa amefanya kazi mara mbili ya aliyoombwa. Hii ndiyo balaa ya wema: wema wenye bidii huwezi hata kuulaumu.

Madam hakupiga kelele. Alifunika pua kwa shela na kusema pole. Alisema sasa hakuna njia, kila kitu kifanywe upya, na tiketi haitapotea, itasogezwa tu. Mafi mushkila, hakuna shida. Arekebishe, kisha aende.

Kwa hiyo akarekebisha. Alimwaga maji yote, akasugua vigae, akazika samaki nyuma ya gereji. Katika safu nzima vilipona vyungu viwili, kile chake na kile Ronny alichopanda akitazamwa, na matunguu machache ya Ronny ambayo ncha zake zilikuwa bado ngumu. Akakata sehemu zilizooza, akapanda upya, akaweka kwenye matofali, akaanza kungoja. Kazi ya kungoja haionekani, ndiyo maana hakuna anayeamini kwamba umechoka. Kila alfajiri alipiga magoti kando ya maji akitafuta jani. Aliyekuwa akimwona kwa mbali angedhani anasali, na huenda alikuwa anasali, ila kwa mmea.

Mzee akaacha kutuma sauti. Terry alisema analala sana.

Simu ilipolia, Athanas alikuwa kidimbwini, mikono imejaa udongo wa mfinyanzi. Simu ilikuwa ukingoni. Alijifuta kwenye shati, akagusa kioo, kioo kikakataa vidole vyenye maji. Akajifuta tena, akagusa tena. Aliliona jina la Terry likiwaka, likazima, likawaka. Mwisho alipokea kwa pua. Ndiyo, kwa pua, na kama kuna mtu anataka kucheka acheke sasa, kwa sababu ndivyo alivyosikia kwamba baba yake amefariki: ameinama kama kuku anayedonoa, maji kwenye magoti, dada yake akilia chini ya kidevu chake.

Mzee alikuwa ameacha amri. Asipelekwe mochari. Alisema hatatiwa kwenye friji kama sangara. Wakamzika kesho yake asubuhi, mapema, kando ya banda lake la injini. Ndege, halafu barabara ya Nairobi hadi Busia, halafu vumbi la kutoka hapo: hata Waziri halisi mwenye msafara asingewahi. Athanas alitazama mazishi kwenye simu, picha ikikwama kila jeneza lilipotaka kushuka. Ilipofunguka tena, watu walikuwa tayari wanapiga udongo kwa koleo.

Katika nyumba ile alimwambia Ronny peke yake, akamkataza kusema. Ronny aliketi ndani ya gari na milango imefungwa, mtu mzima, akalia hadi vioo vikaingia ukungu. Sisi tulipomuuliza Athanas kwa nini asimwambie Madam, alisema vyungu vilikuwa vinahitaji kushushwa kutoka kwenye matofali. Tukadhani hakusikia swali. Tukauliza tena. Akasema vyungu. Blanketi lenye simba lilibaki juu ya kabati, ndani ya mfuko wake wa plastiki, na hakuna aliyethubutu kulitania.

Mayungiyungi yalichanua, bila aibu, juma lilelile la sherehe. Mengine meupe, mengine ya waridi, makubwa kama sahani, yamelala juu ya maji safi kana kwamba hayajawahi kunuka maishani mwao. Wageni wakayazunguka na simu. Binti wa Madam alipigwa picha ukingoni, pete mbele, maua nyuma. Athanas alisimama kando na shati jeupe la kuazima, akiwa na wavu wa kuokotea majani yaliyoanguka.

Madam akaja moja kwa moja hadi alipo, uso unang'aa, dada zake wakimfuata. Akawatangazia kwamba huyu ndiye aliyefanya yote haya, na kwamba yeye si mtu wa kusahau ahadi. Tiketi imesogezwa kwa mara ya mwisho. Ni kesho jioni.

"Khalas, Athanas," akasema. "Sasa nenda ukamwone baba yako."

Athanas akatoa jani moja kwenye maji, akalikung'uta.

"Walishamzika, Madam."