Plasta Juu ya Idadi ya Ng'ombe

Sitaki mtu aniambie kwamba michezo ya kompyuta ni ya watoto. Mimi ni mwalimu wa jiografia, mama wa watoto wawili, na Jumamosi nikishamaliza kufua mtu asinitafute. Niko na michezo miwili. Mmoja ni wa mapanga na majoka, mwingine ni wa shamba: unalima, unafuga, unauza maziwa. Yote miwili nimeijaza modi, yaani vile vifaili ambavyo wachezaji hujitengenezea kuongeza vitu ambavyo walioutunga mchezo hawakuvifikiria. Kuna mtu mahali fulani aliona joka bila mkufu halijapendeza, akalitengenezea mkufu. Nilimshukuru kimoyomoyo nikaupakua.

Sasa modi zikiwa nyingi hugombana. Kwa hivyo kuna programu ya kuzipanga foleni, ipi itangulie na ipi ifuate, na sheria yake ni moja tu: mbili zikigusa kitu kimoja, ile ya chini ndiyo inashinda. Programu yangu inapanga michezo yote miwili. Chini kabisa ya skrini kuna utepe mwembamba. Kushoto umeandikwa jina la mchezo ulio nao, kulia umeandikwa idadi ya modi. Ukitaka kuhamia mchezo ule mwingine unafinya lile jina na orodha inabadilika. Ukisahau kuhama, unavuruga shamba ukidhani unavuruga majoka. Watu wanaosahau nilikuwa nawacheka sana.

Mwaka jana baba mkwe alipasuliwa jicho Kajiado, mtoto wa jicho, na mume wangu akaamua asirudi kwake Kimana kwenye vumbi, akae kwetu Noonkopir wiki tatu. Mume akaamua, halafu mume akaenda kazini. Shule zilikuwa zimefungwa. Nikabaki mimi na mzee, jicho moja limefungwa pamba na plasta, la pili linatafuta makosa nyumbani kwangu.

Ni lazima nieleze jinsi tulivyokuwa mimi na yeye. Mimi ni Mkikuyu, nimeolewa Umaasaini. Siku ya kupelekwa nyumbani, wifi yangu alikuwa amenionya: usiingie lango mpaka uahidiwe mnyama. Basi nikasimama langoni na viatu vyangu vya harusi ndani ya mbolea, nikakaza shingo, jua linanichoma utosi. Mzee akatoka, akaniangalia, akaniahidi ndama wa kike. Niliingia karibu mbio. Tangu siku hiyo hakuniita kwa jina langu tena, kwa maana huko aliyekupa ndama na wewe uliyepewa mnaitana Paashe. Paashe, chai iko? Paashe, watoto wamekula? Nami nilimjibu Paashe, na nilijivuna nalo kuliko cheti cha ndoa.

Ndama wangu akabaki kwenye kundi lake, akichungwa pamoja na wengine, akakua. Kisha ukaja ule ukame, na kundi lote likaisha. Baada ya hapo mzee akaanza kuniita mwalimu. Mwalimu! Kama mtu wa kamati ya shule! Sikuuliza sababu. Nikaacha kumwita Paashe, nikamwita Baba, tuone nani atachoka kwanza. Iliniuma, na alipofika kwetu na kibegi chake ilikuwa bado inaniuma.

Siku ya tatu alinikuta kwenye mchezo wa shamba. Akavuta kiti.

"Mwalimu, hizi ni nini?"

"Ni ng'ombe, Baba."

"Hizi?" Akasogeza lile jicho zima karibu na skrini. "Hizi ni ng'ombe ama ni watoto wa shule? Zote zimevaa sare. Sasa moja ikipotea utajuaje ni gani?"

Nikamwambia naweza kuzibadilisha rangi. Nilisema tu la kusema, jameni, nipate kuendelea na mahindi yangu.

"Basi andika," akasema. "Iko moja mugie, ile kahawia nzito kama chai ya rangi. Pembe ya kushoto imeinama. Sikio limekatwa hapa."

Nikachora. Akatikisa kichwa. "Huyo si yeye. Huyo ni dadake." Nikafuta, nikachora tena, mpaka yule ng'ombe akatembea kwenye skrini na mzee akapiga paja lake kofi. "Huyo mwizi! Huyo alikuwa anakula nguo kwa kamba!" Kesho yake akataka sambu, yule wa mistari na madoa. Kesho kutwa, mamake sambu. Zote zilikuwa zile zilizokufa, na alizijua hadi kovu la kupe. Kwa kuwa sikujua kuziunganisha, kila ng'ombe alikuwa modi yake peke yake kwenye ile programu.

Kila asubuhi nilidhani leo atamtaja wangu. Hakumtaja. Nami sikuuliza, kwa sababu shingo yangu ni ileile ya langoni.

Siku moja nilijisahau nikaanza, "Baba, sasa tuko na kumi na..." Fimbo ikagonga sakafu. Ng'ombe hazihesabiwi kwa mdomo, akasema, unaziitia balaa. Nilitaka kumwambia balaa lilishapita, lakini niliufunga mdomo kwa adabu za kwetu sote wawili. Pamba ya jicho ilikuwa imetolewa juzi yake, na lile jicho jipya, ambalo daktari alisema lisichoshwe, likatembea mpaka kona ya chini ya skrini.

"Ni nani anahesabu hapa?"

"Ni mashine, Baba."

"Iambie iache."

Nilitafuta pa kuiambia nisipaone. Mzee akaenda kwa kibegi chake, akatoa ile plasta aliyopewa ya kushikilia pamba, akaikata kwa meno, akaibandika chini ya skrini kutoka pembe hadi pembe na kuisugua kwa kidole gumba. Idadi ikafunikwa. Jina la mchezo nalo likafunikwa. Nililiona hilo, nisidanganye. Nikajiambia, mimi si mtu wa kusahau.

Ikafika Jumapili ya mwisho. Mzee wa rika lake alikuwa anatoka Illasit kuja kumchukua, na wiki nzima baba mkwe alikuwa akimpigia simu kwa sauti ya kuvusha mto: njoo uone ng'ombe zangu. Asubuhi watu wote wakaenda kanisani. Mimi nilisema kichwa kinaniuma. Hakikuwa kinaniuma. Nilitaka saa mbili na majoka yangu, maana modi zao zilikuwa zimekuwa takataka na nilikuwa nimeamua kuzifuta zote nianze upya.

Nikafungua programu. Nikapeleka kishale chini ya plasta, mahali ambapo jina huwa, nikafinya kama kipofu. Orodha ilikuwa hapo mbele yangu, ningesoma hata mstari mmoja ningejua, lakini mtu mwenye hakika hasomi. Nilikuwa namimina chai. Nikachagua kufuta zote. Programu ikaniuliza kama nina uhakika, na mimi, binti wa watu, nikasema ndiyo.

Kisha nikafungua mchezo wa majoka nione ulivyosafika. Joka la kwanza likapita juu ya mnara, na shingoni lina mkufu.

Nikatua kikombe. Kama mkufu bado uko, nimefuta nini?

Nilifungua shamba mbio. Kumbe kule kufinya kwangu kwa upofu hakukulipata lile jina. Ng'ombe wote walikuwa wamevaa sare. Ngai wangu! Nililia, na sioni haya kusema. Nilimwona mzee akiingia na rafiki yake, akimwonyesha kundi, na hapo hakuna mwizi wa nguo wala mamake sambu. Zilikuwa zimekufa mara ya pili, na safari hii hakukuwa na ukame wa kulaumu.

Nikafuta machozi nikakumbuka pipa la kompyuta. Vifaili vilikuwa humo, vyote. Nikavirudisha. Lakini ile foleni haikurudi navyo, programu ilikuwa imevipanga kwa alfabeti, na kwa sababu kila ng'ombe nilimchora juu ya mwenzake, sasa walikuwa wanavaliana. Mugie alikuwa na mgongo wa sambu. Ndama mmoja alikuwa na pembe za fahali. Nilijaribu kumbadilisha huyu, yule akaharibika. Ndipo nikasikia lango. Miaka yote mchungaji wetu huhubiri mpaka watoto wanalala, na siku hiyo akaamua kufupisha!

Mzee akaja moja kwa moja na koti lake la kanisa. Akaangalia.

"Baba, nimeharibu," nikasema. "Nilizifuta nikidhani niko kwa mchezo ule mwingine. Nimezirudisha, lakini sijui ipi inafuata ipi."

Akavua lile koti. Kisha akaketi.

"Huyu amevaa mgongo wa mamake," akasema. "Wacha kulia, mwalimu. Hata kwa kisima huwa zinachanganyikana. Leta huyu hapa juu."

Tukaanza. Yeye anataja, mimi navuta. Katikati ya kazi rafiki yake akafika, nikainamisha kichwa akanigusa utosi, ndiyo salamu ya huko kwa wazee, naye akavuta kiti upande wa pili kabla hata ya kupewa maji. Basi wakaanza kubishana juu ya kichwa changu. Huyu ndiye alikuwa anatangulia. Wapi, huyo alikuwa mvivu! Mwenye kengele yuko mbele! Unasahau, kengele tulimtoa! Mimi navuta juu, navuta chini, nafungua mchezo, naufunga, na rangi moja moja inarudi kwa mwenyewe. Mwishowe kundi zima likatembea kwenye skrini kila mmoja na ngozi yake. Mgeni akalipitia kwa macho kutoka wa kwanza hadi wa mwisho. Kisha akaniangalia mimi.

"Na ile ya huyu mama iko wapi? Ile ulimwahidi kwa lango?"

Sikugeuka. Baba mkwe akapangusa lile jicho jipya, na alikuwa amekatazwa kulipangusa.

"Ile ilibaki ya mwisho," akasema. Alikuwa anaongea na skrini. "Zangu nikaziacha, nikasema hii iko na mwenyewe. Kila asubuhi nilikuwa naishika mkia naiinua, inasimama. Nikainunulia nyasi. Siku moja nikaiinua ikakataa. Sasa ningekuita aje kwa jina la kitu nilipewa kulinda nikashindwa?"

Kumbe. Miaka hiyo yote nilidhani amenifukuza ukoo bila kuniambia, nikanuna, nikahesabu kila neno mwalimu alilonitupia. Naye alikuwa anaona aibu kunitazama. Nilijionea hasira, nikamwonea na yeye hasira kidogo, kwa nini asiseme, halafu hasira ikaisha.

"Niambie rangi," nikasema.

"Unaijua rangi."

"Niambie wewe."

"Nyekundu. Tumbo nyeupe. Doa hapa." Akajigusa paji la uso.

Nilichora, na safari hii hakusema ni dadake. Akauliza itakaa wapi kwa ile foleni. Nikamweleza ile sheria, kwamba ya chini kabisa ndiyo inashinda zote, hakuna ya kuifunika. Akafikiri. Rafiki yake akageuka akaanza kusoma kalenda ya ukutani kana kwamba hajawahi kuona nyingine.

"Basi weka hapo chini," baba mkwe akasema. "Chini kabisa, Paashe."

"Sawa, Paashe," nikajibu.

Nikashika kipanya. Kabla sijafinya chochote, niliinua ukingo wa plasta kidogo, upande wa jina tu, nihakikishe niko kwa mchezo gani.