Kobla ya epo na vijiko vitatu vya sukari vilivyomfanya mama yangu aachie kikombe (Babati, miaka ya 80)

Wakuu, wakubwa zangu shikamooni, na ninyi wadogo hamjambo. Vuta kiti usikilize. Kama una chai iweke karibu, maana nitazungumza kuhusu sukari.

Haya sikusimuliwa na mtu. Yalitokea nyumbani kwetu Bagara, hapa Babati, na aliyekosa ni mimi mwenyewe, kwa hiyo sina sababu ya kuongeza chumvi.

Kilichonikumbusha ni mjukuu wangu. Wiki iliyopita ametengeneza apple cobbler, yaani matufaha yaliyookwa chini ya unga, kwa kufuata video kwenye simu. Ametumia oveni ya umeme, na juu akamwaga sukari kikombe kizima huku anaangalia pembeni. Imetoka nzuri, nikamsifu. Lakini nilipouma ngozi ya juu na punje za sukari zikalia kwenye meno, niliweka kijiko chini.

Akaniuliza, "Bibi, mbaya?"

Nikamwambia hapana, kuna kitu nimekumbuka. Basi nilichomweleza yeye nawaeleza na ninyi.

Kwa waliozaliwa juzi, nianze na hali ilivyokuwa. Mwanzoni mwa miaka ya themanini vitu vilipotea madukani. Sabuni hakuna, mafuta ya taa kwa bahati, unga tuliopata ni ule wa njano tuliouita yanga. Sukari ililetwa kwa mgao. Ikifika duka la ushirika, kila balozi wa nyumba kumi anachukua fungu la watu wake, na fungu hilo linagawiwa nyumba kwa nyumba.

Sasa hapo kwenye kugawa ndipo penye kazi. Mtu mwenye mkono mzito anaweza kuwagombanisha majirani kwa nusu kikombe.

Kwenye nyumba kumi zetu, mpimaji alikuwa mama yangu, Mama Martina. Martina ndiye mimi. Balozi wetu, Mzee Daniel, alikuwa anasoma majina na mama anapima. Alikuwa na kikombe kimoja cha bati chenye ua jekundu, anajaza, halafu anapitisha mgongo wa kisu juu yake. Kinachomwagika kinarudi guniani. Hakuwahi kutumia kikombe kingine.

Kulikuwa na sheria moja ambayo hakuna aliyeiandika: mpimaji anachukua mwisho. Wenzake wote wakishapata, yeye anakung'uta gunia, na kitakachobaki chini ndicho chake. Kikizidi, bahati yake. Kikipungua, anyamaze.

Ishikeni hiyo sheria, maana ndiyo niliyoikanyaga.

Mwaka wa mkasa huu nilikuwa na miaka kumi na tisa. Nilikuwa nimemaliza mafunzo ya maarifa ya nyumbani kwa masista, kule juu Mbulu. Mama aliuza mbuzi wawili ili nikasome. Watu walimcheka kidogo kwamba anauza mbuzi ili binti akafundishwe kupika, kama vile nyumbani hakuna moto.

Bustani ya masista ilikuwa na miti michache ya epo, ambazo wengine mnaziita matufaha. Zilikuwa ndogo na chachu, ukiuma jicho moja linajifunga. Sista aliyetufundisha mapishi alitoka Ulaya, na alituonyesha namna ya kuzifanya ziwe chakula cha heshima. Yeye aliita cobbler, sisi tukaita kobla. Siku ya kuondoka alinijazia kikapu kidogo, nikapanda lori la mahindi hadi Babati nimekipakata kama mtoto.

Nilitaka kitu kimoja tu. Mama ale kitu ambacho mikono yangu imejifunza kwa mbuzi wake.

Oveni hatukuwa nayo, na hii ni kwa wanaosema hawawezi kuoka kwa sababu hawana oveni. Sufuria nzito, sinia la bati la kufunikia na makaa vinatosha. Siri ni kwamba moto wa juu uwe mwingi kuliko wa chini. Chini weka makaa machache ya kupasha tu, na juu ya sinia panga makaa ya kutosha. Ukikosea ukaweka mengi chini, matunda yataungua na unga utabaki mbichi.

Unga wa ngano tulikuwa nao, mweusi kidogo wa kusaga wenyewe. Baba alikuwa dereva wa trekta kwenye mashamba ya ngano ya Hanang, na alipokuja likizo alituachia debe. Samli tulinunua kwa mama wa Kibarbaig aliyepita na kibuyu. Asali ilitoka porini, kwa warina asali. Kwa hiyo mnaona, njaa ya wakati ule ilikuwa ya vitu vya dukani. Vya kwetu vilikuwepo kwa aliyejua kuviunganisha.

Unga wa kuumulia sasa. Haukuwepo. Nilichukua magadi kiasi cha kucha ya kidole gumba, nikayasaga laini, nikachanganya na unga. Halafu nikaweka mtindi. Mtindi ukikutana na magadi unatoa povu, na povu hilo ndilo linaloinua unga. Msizidishe magadi, ladha itakuwa ya sabuni.

Ilikuwa Jumamosi. Mama alikuwa shambani Sigino, anapalilia. Gunia la sukari lilikuwa limeletwa jana yake na lilikuwa chumbani kwake, limefungwa kwa kamba ya katani. Watu wangekuja saa kumi jioni na vyombo vyao.

Nilimenya epo, nikakata vipande vyembamba, nikachanganya na asali na mdalasini. Nikapaka samli sufuria, nikamimina. Juu nikadondosha unga kijiko kijiko, bila kushindilia.

Na hapo nikasimama.

Sista alikuwa anamalizia kwa kunyunyiza sukari juu. Alituambia hiyo ndiyo inayofanya ngozi ing'ae na kulia mdomoni. Asali haifanyi hivyo. Nilitaka iwe kama ya Sista kabisa, isipungue chochote.

Nikaenda chumbani nikafungua kamba.

Wakuu, naomba mnielewe nilivyowaza, maana sikujiona mwizi. Nilijiambia hivi: sisi nasi ni nyumba mojawapo kati ya hizo kumi. Mama atachukua kitakachobaki. Nikitoa vijiko vitatu sasa, vitapungua kwenye fungu letu, siyo la mtu mwingine. Jioni kila mtu atapata kikombe chake kamili. Nimekula changu mapema tu.

Kwa hesabu nilikuwa sahihi. Mpaka leo ukikaa na kalamu utaona niko sahihi.

Nikachota vijiko vitatu, nikafunga kamba kama ilivyokuwa, nikanyunyiza, nikafunika, nikapanga makaa. Saa hatukuwa nayo, nikapima kwa rozari kama tulivyofundishwa. Rozari mbili taratibu, funua.

Sikuwa nimefikiria harufu.

Kobla inaponukia haikai jikoni. Samli, mdalasini na asali vilitoka mlangoni vikaenda barabarani. Mama aliporudi, jembe begani, alisimama uani akavuta pumzi. Akaniuliza nimeipatia utamu wapi. Nikajibu, asali.

Nilijibu haraka. Na ilikuwa kweli, ila haikuwa kweli yote.

Alifurahi. Alikwenda kunawa akabadili kitenge.

Saa kumi wakaanza kuingia, mmoja na bakuli, mwingine na mfuko. Kila aliyefika alinusa kwanza, ndipo akasalimia. Halafu akaingia jirani yetu Mama Yona, mwanamke mwenye ulimi, ambaye mwezi uliopita alilalamika kwamba sukari yake iliisha mapema kuliko ya wengine. Akakaa, akatazama jikoni, akatazama gunia lililotolewa uani.

"Kwa mpimaji leo kuna arusi," akasema. "Sisi wengine tunanusa."

Watu wakacheka, lakini mnajua kuna kicheko kinachotaka jibu.

Mama akakijibu. Akawaambia kuwa ni chakula alichojifunza Martina kwa masista, kimewekwa asali, na hakuna punje ya sukari ya mtu humo. Kisha, kwa kuwa alikuwa na uhakika na nyumba yake, akasema kabla hajapima kila mtu aonje. Akaniita nilete sufuria.

Nilitembea na ile sufuria kutoka jikoni hadi uani. Ni hatua kumi na mbili, na mpaka leo nazikumbuka zote.

Mama alikata mwenyewe, akagawa kwenye vitanga vya mikono. Mzee Daniel alisifu. Wengine wakaramba vidole. Mama Yona akatafuna taratibu, halafu akaacha kutafuna.

Sukari ya wakati ule ilikuwa ya kahawia, punje kubwa. Juu ya sinia moto haukuwa umetosha kuziyeyusha zote.

Akatoa punje moja ulimini, akaiweka kwenye ncha ya kidole, akaielekeza kwenye jua.

"Mama Martina," akasema polepole, "asali ya kwenu ina mchanga mtamu."

Mama alikitazama kile kidole, kisha akanitazama mimi. Nikasema mbele ya wote kwamba nimefungua gunia mchana, nimechota vijiko vitatu, na mama hakujua. Nikaanza kueleza hesabu yangu, kwamba ni fungu letu, kwamba hakuna aliyepunjwa.

Mama akanikatiza. "Kabla watu hawajapimiwa, hakuna fungu letu. Lote ni lao."

Akachukua kile kikombe chenye ua jekundu na kisu, akaviweka kwenye mapaja ya Mama Yona. "Pima wewe."

Mzee Daniel alijaribu kumtuliza, akasema ni utoto, tumeshasikia, yaishe. Mama akakataa. Alikwenda kukaa upande wa wanaosubiri, na bakuli lake.

Mama Yona akapima. Alipima vizuri, niseme ukweli, akipitisha kisu kama alivyoona mama akifanya. Jina letu likasomwa katikati, na mama akapewa kikombe kilichojaa. Nadhani ilikuwa mara ya kwanza tangu aanze kupima kupata kikombe kilichojaa.

Kisha wakaisha wote, akabaki mpimaji.

Mama Yona akakung'uta gunia. Akakung'uta tena, akalipiga ngumi mgongoni. Kilichotoka hakikufika nusu ya kikombe, na nusu yake ilikuwa nyuzi za katani.

Akakiinamisha kile kikombe kuangalia ndani. Sote tuliona anachokiona. Hicho ndicho mama alikuwa anakunywa mwaka mzima huku akilalamikiwa.

Mama akainuka. Akachota vijiko vitatu kutoka kwenye bakuli lake, vimejaa, akavimimina kwenye kikombe cha Mama Yona. Akaingia ndani.

Kobla iliyobaki hakuila. Ndilo jambo lililoniuma kuliko kuchapwa.

Mgao uliofuata, Mama Yona alikuja asubuhi, kabla ya watu. Akaweka kikombe na kisu mezani kwetu.

"Nimechoka na chai ya nyuzi," akasema. "Chukua kikombe chako, Mama Martina. Mimi ulimi tu ndio ninaoweza."

Mama alicheka, akakichukua. Kuanzia siku hiyo watu walikubaliana kwamba mpimaji apime chake wa tano, katikati, na kitakachobaki chini kiwe cha nyumba yenye mgonjwa au mama aliyejifungua karibuni. Aliyetoa wazo hilo ni Mama Yona.

Nami msimu uliofuata nilipata epo nyingine. Nikapika tena, kwa asali peke yake, mama akiwa amekaa pembeni yangu kwenye kigoda. Ngozi ya juu haikulia. Alikula vipande viwili, akasema wale mbuzi wamerudi.

Nilichojifunza ni kwamba hesabu inaweza kuwa sahihi na wewe ukawa umekosea. Kitu cha watu kikiwa mikononi mwako, fungu lako halijazaliwa bado. Ninyi vijana mnaoshika michango ya vikundi na harusi, naamini mnanielewa. Msiogope kukiri pia. Inauma mara moja, halafu unaendelea kuishi na majirani zako.

Wenye kumbukumbu za mgao wa wakati ule, hasa wa Singe na Sigino, karibuni mzishushe hapa. Na mwenye swali la mapishi aulize, nitamjibu hatua kwa hatua.

Ukitaka kujaribu mwishoni mwa wiki hii, fanya hivi: juu usinyunyize sukari, paka asali kijiko kimoja dakika chache kabla ya kuipua. Ikipoa kidogo, kata kipande cha katikati, kiweke kwenye bakuli safi, umpelekee jirani kabla wewe hujaonja.